Alama ya Nne: Namna Mfupa wa Paja Uliovunjika Karibu na Goti Unavyoandikwa Hospitalini

Katika daftari la wodi ya mifupa ya hospitali yo yote ya uwanda wa kati, iwe Dodoma mjini, Mpwapwa au Manyoni, hapakosekani mistari yenye maandishi mafupi ya namna hii: alama # na kufuatiwa na neno la Kilatini femur. Kwa madaktari alama hiyo maana yake ni kuvunjika, na femur ni mfupa wa paja. Msomaji wa daftari aweza kudhani kwamba amekwisha kuelezwa yote. Kwa hakika ameelezwa nusu tu, na nusu iliyoachwa ndiyo mara nyingi huamua kama mgonjwa atatembea sawasawa au atachechemea maisha yake yote.

Chukulia mfano ufuatao, ambao ni wa kubuni, ingawa hakuna sehemu yake isiyotokea. Katika juma moja la kiangazi wanaletwa wagonjwa watatu katika hospitali ya rufaa. Wa kwanza ni mvulana wa miaka 12 kutoka upande wa Mvumi. Alipanda mbuyu kuangua ubuyu, kigingi alichokanyaga kikachomoka, naye akaanguka. Wa pili ni kijana mwendesha bodaboda ambaye usiku, katika barabara iendayo Singida kupitia Bahi, aligonga ng'ombe aliyekuwa akivuka. Wa tatu ni bibi wa miaka 74 kutoka Kondoa, aliyeteleza uani kwake akiwa na ndoo ya maji. Picha za eksirei za wote watatu zaonyesha jambo moja: mfupa wa paja umevunjika upande wa chini, vidole vichache juu ya goti. Muuguzi wa zamu akiandika mara tatu neno lile lile la mkato, hatakuwa amesema uongo. Lakini atakuwa amewaweka wagonjwa hawa katika kapu moja na mtu aliyevunjika shingo ya mfupa karibu na nyonga, na mwingine aliyevunjika katikati ya paja, ambao matibabu yao na hatari zinazowakabili ni mbali kabisa.

MFUPA MMOJA, MAHALI PENGI

Mfupa wa paja ndio mrefu kuliko mifupa yote ya mwili wa binadamu, na urefu wake hupita kidogo robo ya kimo cha mtu. Mwanafunzi mwenye kimo cha sentimita 160 ana mfupa wa paja wa sentimita 42 hivi. Juu kabisa kuna kichwa cha mviringo kinachoingia katika tundu la nyonga, kisha shingo, kisha sehemu ndefu ya katikati ambayo ni bomba la mfupa mgumu lenye uboho ndani. Ukilifuata bomba hilo kuteremka, hupanuka kama mdomo wa tarumbeta. Ganda lake gumu huwa jembamba, na ndani hujaa mfupa wenye vitundu vingi kama sifongo. Mwishoni hugawanyika nundu mbili zilizofunikwa kwa gegedu laini, ambazo hubiringika juu ya mfupa wa muundi kila mtu anapokunja goti.

Ni katika eneo hilo la mdomo wa tarumbeta ndipo wagonjwa wetu watatu walipovunjika, na mahali hapo pana mambo yake. Sehemu kubwa ya misuli ya shavu la mguu imeshikamana na upande wa nyuma wa nundu hizo. Mfupa ukivunjika juu yake, misuli hiyo hukivuta kipande cha chini na kukipindua kuelekea nyuma. Na hapo nyuma ya goti, ikiwa imekaa karibu kabisa na mfupa, ndipo ipitapo ateri kubwa inayopeleka damu mguuni. Kipande chenye ncha kali kama kigae chaweza kuibana ateri hiyo au kuichana. Mguu uliokatiwa damu kwa saa sita hivi umo katika hatari ya kufa, na kutoka Kondoa hadi Dodoma mjini ni kilomita zipatazo 160. Kwa ajili hiyo tabibu wa zahanati anayempokea mtu aliyevunjika karibu na goti hana budi kupapasa mapigo ya damu kwenye mgongo wa wayo kabla ya kuufunga mguu kwa banzi, na kuyapapasa tena baada ya kuufunga. Aliyevunjika katikati ya paja aweza kupoteza lita moja ya damu au zaidi ndani ya misuli bila tone kuonekana nje, nalo si jambo dogo. Lakini hatari ya ateri ya nyuma ya goti kwake ni ndogo zaidi.

Jambo la pili ni kiungo chenyewe. Mpasuko ukishuka hadi kati ya zile nundu mbili, gegedu nalo hukatika. Vipande visiporudishwa sawasawa, hata vikipishana kwa milimita chache tu, goti huwa gumu au hulika kidogo kidogo kwa miaka.

Kwa mvulana wa Mvumi kuna jambo la tatu, na pengine ndilo zito kuliko yote. Karibu na goti, mfupa wa paja wa mtoto una sahani ya ukuaji, tabaka la gegedu ambamo mfupa mpya hutengenezwa. Asilimia 70 hivi ya kurefuka kwa mfupa wa paja hutokana na sahani hii moja. Mpasuko ukipita humo, sahani yaweza kuziba upande mmoja au kuziba yote. Mtoto mwenye miaka 12 bado ana miaka kadhaa ya kukua. Akifika miaka 17 huenda mguu mmoja ukawa mfupi kuliko mwingine, au umepinda gotini.

Matibabu nayo hufuata mahali. Mfupa uliovunjika katikati hupitishwa chuma kirefu katika uwazi wa uboho, kama fimbo ndani ya bomba. Karibu na goti fimbo hiyo hukosa mfupa wa kutosha wa kushika upande wa chini, kwa hiyo daktari mpasuaji huhitaji bamba lenye skrubu nyingi lililopindwa kufuata umbo la nundu, au chuma kinachoingizwa kuanzia gotini kwenda juu. Vyuma vya SIGN, vilivyobuniwa na shirika la Marekani lililoanzishwa mwaka 1999 kwa ajili ya hospitali zisizo na mashine ya eksirei ndani ya chumba cha upasuaji, vyaweza kuingizwa kwa njia hiyo, navyo vimetumika pia Muhimbili. Pasipo vyuma, mgonjwa hulala kitandani majuma mengi mguu ukivutwa kwa mawe ya uzito, na goti hukakamaa.

KUSOMA MSIMBO

Hapa ndipo msimbo wa ugonjwa unapoingia. (Neno kodi, ambalo wengine hulitumia kwa maana hiyo, afadhali waachiwe watu wa mapato.) Msimbo ni herufi na tarakimu chache zinazosimama badala ya maelezo ya daktari, ili ugonjwa ule ule uliotajwa kwa maneno kumi tofauti katika hospitali kumi uhesabiwe kuwa kitu kimoja. Kitabu kinachotoa misimbo hiyo ni Ainisho la Kimataifa la Magonjwa la Shirika la Afya Duniani. Toleo lake la kumi lilipitishwa na Mkutano Mkuu wa Afya Duniani mwaka 1990 na nchi wanachama zikaanza kulitumia mwaka 1994.

Mwanafunzi aliyezoea jedwali la elementi hatashindwa kulisoma. Majeraha yaliyopangwa kwa sehemu za mwili huanza kwa herufi S. Tarakimu inayofuata huteremka mwilini kutoka kichwani hadi wayoni: 0 ni kichwa, 1 shingo, 2 kifua, 3 kiuno na nyonga za ndani, 4 bega na mkono wa juu, 5 kigasha, 6 kiganja, 7 nyonga na paja, 8 goti na muundi, 9 kifundo cha mguu na wayo. Tarakimu ya tatu huonyesha aina ya jeraha, na 2 daima ni kuvunjika kwa mfupa. Basi S02 ni fuvu lililovunjika, S52 ni kigasha, S82 ni muundi, na S72 ni paja. Utaratibu huu ni mzuri kiasi kwamba darasa laweza kuukisia lenyewe likipewa mifano mitatu, na mwalimu wa hisabati atafanya vema kulijaribu.

Baada ya nukta hufuata alama ya nne, nayo ndiyo kiini cha makala haya. S72.0 ni shingo ya mfupa wa paja, S72.1 na S72.2 ni sehemu za chini ya shingo, S72.3 ni katikati, S72.4 ni ncha ya chini, yaani karibu na goti. S72.7 ni mfupa uliovunjika mahali kadhaa. Na S72.9 ni paja lililovunjika mahali pasipotajwa. Baada ya hapo yaweza kuongezwa tarakimu ya tano: 0 ikiwa ngozi haikupasuka, 1 ikiwa kuna jeraha linalofika kwenye mfupa. Ateri ya nyuma ya goti ikiwa imeumia, hupewa msimbo wake wa pekee, S85.0.

Sasa rudi kwenye lile daftari. Mtunza kumbukumbu aliyefunzwa vizuri, akikuta limeandikwa neno la mkato na si zaidi, hana ruhusa ya kukisia. Hata akiwa ameiona picha ya eksirei mezani, kazi yake si kuisoma. Ataandika S72.9. Alama ya nne haitoki katika ofisi ya kumbukumbu. Hutoka katika kalamu ya daktari, na maneno matatu tu, "ncha ya chini", yangetosha kuigeuza 9 kuwa 4.

Misimbo ya jeraha peke yake haitoshi, maana haielezi kilichotokea. Kwa hiyo ainisho lina sura nyingine ya vyanzo vya nje. Mvulana wetu atapewa S72.4 pamoja na W14, ambayo maana yake ni kuanguka kutoka mtini. Kijana wa bodaboda atapata V20, mpanda pikipiki aliyegongana na mtu anayetembea au mnyama. Ikiwa ndiye aliyekuwa akiendesha, V20.4, na kama angekuwa abiria, V20.5. Huenda waliolitunga ainisho hilo hawakuwafikiria ng'ombe wa Bahi, lakini nafasi yao imo.

Bibi wa Kondoa ndiye atakayeleta shida. Mtu anayeteleza akiwa amesimama hatarajiwi kuvunjika mfupa wenye nguvu namna hiyo. Daktari akichunguza na kuona kwamba mifupa yake imepungua uzito kwa uzee, na kwamba ndiyo sababu ya kuvunjika, utambuzi wa ugonjwa hubadilika na msimbo huhama sura nzima: kutoka S72.4 ya majeraha kwenda M80 ya magonjwa ya mifupa. Ufa ni ule ule na mahali ni pale pale. Kilichobadilika ni jibu la swali "kwa nini?", na pamoja nalo dawa atakazopewa ili asivunjike tena.

Yafaa kuuliza pia: katikati ya mfupa huishia wapi, na ncha ya chini huanzia wapi? Ainisho la Shirika la Afya Duniani halitoi kipimo. Wapasuaji hutumia kipimo chao, kilichotokana na kazi ya Maurice Müller wa Uswisi na wenzake, walioanzisha chama chao cha tiba ya mivunjiko mwaka 1958. Juu ya picha ya eksirei huchorwa mraba ambao kila upande wake ni sawa na upana mkubwa kabisa wa mfupa penye nundu, na upande wake wa chini hugusa kiungo. Mivunjiko ambayo kitovu chake kimo ndani ya mraba ni ya ncha ya chini. Katika utaratibu wao hupewa namba 33: tatu ya kwanza ni mfupa wa paja, tatu ya pili ni sehemu yake ya chini. Kisha huja herufi: A ikiwa kiungo hakikuguswa, B ikiwa sehemu moja ya kiungo imetengana, C ikiwa nundu zote zimeachana na mfupa uliobaki. Kwa rula na penseli, mwanafunzi wa kidato cha pili aweza kuchora mraba huo.

WALIOANZA NA VIFO

Haikuwa dhahiri tangu mwanzo kwamba mtu aliyevunjika paja angekuwa na namba. Orodha za namna hii zilianza kwa wafu. John Graunt wa London alichapisha mwaka 1662 uchunguzi wake juu ya orodha za vifo vya mji huo. Katika karne ya 19 William Farr, mtakwimu wa Uingereza, alilalamika kwamba maradhi yaitwayo kwa majina matatu au manne, na majina yanayobeba maradhi tofauti, yanaharibu hesabu; alidai majina yawe na uthabiti kama ule wa mizani na vipimo. Mwaka 1893 Jacques Bertillon wa Ufaransa aliwasilisha orodha yake ya sababu za vifo katika mkutano wa watakwimu huko Chicago, na marekebisho ya kwanza yakafanyika Paris mwaka 1900. Toleo la sita la mwaka 1948, chini ya Shirika la Afya Duniani, ndilo lililopanuliwa ili kuwahesabu pia wagonjwa na majeruhi wanaopona. Kwa nusu karne nzima, yule ambaye mfupa wake ulimwacha kilema bila kumwua hakuwa na nafasi katika orodha hiyo.

Upungufu huo haujakwisha kabisa. Watafiti wa Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu walipokusanya habari za vifo vilivyotokea katika hospitali 39 za Tanzania kati ya miaka 2006 na 2015, iliwabidi kupekua madaftari na kuyageuza maandishi yake kuwa misimbo. Kazi hiyo ilikuwa kubwa na yenye manufaa, lakini ilihusu waliokufa. Aliyevunjika karibu na goti aghalabu hafi. Hurudi nyumbani, na asipoandikwa vizuri siku aliyolazwa, hapana mahali pengine atakapoonekana.

KUTOKA WODINI HADI MTUMBA

Nchini Tanzania madaftari ya vituo vya afya hufuata utaratibu unaojulikana kwa jina la MTUHA, yaani Mfumo wa Taarifa za Uendeshaji wa Huduma za Afya, na tangu mwaka 2013 taarifa za mikoa yote zimekuwa zikiingizwa katika kompyuta za taifa. Wizara yenyewe imo Mtumba, nje kidogo ya mji wa Dodoma. Katika muhtasari wa kila mwezi magonjwa hukusanywa katika makundi mapana, na jambo hilo lina sababu yake: mganga wa zahanati aliye peke yake na wagonjwa 60 hawezi kutakiwa akumbuke misimbo 14,000. Lakini hospitali ya rufaa yenye wapasuaji na picha za eksirei haina udhuru huo. Hata fomu za madai za Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya zina nafasi ya msimbo, na ni ajabu kidogo kwamba mara nyingi nafasi hiyo hujazwa kwa uangalifu zaidi kuliko daftari la wodi.

Mkoa wa Dodoma ulikuwa na watu 2,083,588 katika sensa ya mwaka 2012. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu 3,085,625. Katikati ya miaka hiyo, mwaka 2016, Serikali ilitangaza kuhamia Dodoma, na barabara zikajaa magari na pikipiki. Yamkini mivunjiko ya mapaja imeongezeka. Lakini anayeagiza vyuma vya upasuaji hahitaji kujua hilo tu. Anahitaji kujua mingapi ni S72.3, ili aagize fimbo, na mingapi ni S72.4, ili aagize mabamba ya nundu. Akiletewa S72.9 kwa wingi, atakisia. Na kisio lake likikosea, majeruhi wa bodaboda atalala majuma mengi akisubiri bamba, huku fimbo zisizomfaa zimejaa kabatini.

Kuna nchi zilizokwenda upande wa pili. Marekani, iliyoanza kutumia toleo lake la pekee tarehe 1 Oktoba 2015, ina misimbo ipatayo 70,000. Huko S72.451A husema kwa pumzi moja kwamba ni paja la kulia, limevunjika juu ya nundu bila ufa kufika kati yake, vipande vimehama, ngozi haikupasuka, na mgonjwa yuko katika matibabu ya awali. Mtoto aliyeumia sahani ya ukuaji hupewa msimbo mwingine kabisa, S79.1. Toleo la kumi la dunia nzima halisemi hata kama mguu ni wa kulia au wa kushoto. Toleo la kumi na moja, lililoanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022 na ambalo kila nchi inahamia kwa hatua zake, limeshika njia ya katikati: paja lililovunjika huwa NC72, kisha upande wa mwili na hali ya ngozi huunganishwa nyuma yake kwa alama, kama viambishi vinavyoungwa kwenye mzizi wa neno. Anayesema Kiswahili hatahitaji kufafanuliwa sana utaratibu huo.

Kwa mvulana wa Mvumi, mfupa utaunga katika miezi michache, na hogo litaondolewa. Baada ya mwaka mmoja au miwili akirudishwa hospitali kwa sababu mguu umebaki mfupi, hatakuwa tena S72.4. Toleo la kumi humpa T93.1, matokeo ya baadaye ya kuvunjika mfupa wa paja, msimbo ambao hautaji kama ni nyongani, katikati au gotini. Atakayempokea siku hiyo, akitaka kujua mahali hasa palipovunjika, itamlazimu kulitafuta faili la kwanza na kusoma kilichoandikwa na mkono wa daktari siku ile ya mbuyu.